Udongo Ndani ya "Kung'uta"

Nimestaafu kabla sijaolewa, jambo ambalo mama yangu analiona kuwa kinyume cha utaratibu wa Mungu. Daktari mwenyewe hakutumia neno kustaafu. Alisema sikio la kulia limekwisha, na kwamba la kushoto linaweza kuokolewa likiwekwa mbali na jenereta, spika na visikizio. Kisha akaniuliza ninafanya kazi gani. Nilipomjibu kwamba mimi ni fundi wa sauti, aliweka kalamu mezani akanitazama kana kwamba mimi ndiye niliyemletea habari mbaya.

Kwa hiyo ninawaandikia ninyi mlioshika meza yangu katika studio ya Muzee Fabien, hapa Bunia. Sitawaeleza habari za vyeo, kwa sababu kilikuwapo kimoja tu, nacho kilikuwa cha Muzee. Ninataka mjue kazi hii ilinipokeaje, ilinifundisha nini, na jinsi wimbo mmoja ulivyonishtua.

Nilifika studioni nikitoka chuo kikuu, na shahada yangu ya mawasiliano katika bahasha ya plastiki ili isiguswe na mvua. Nilitazamia kuulizwa maswali. Muzee alinikabidhi pamba, chupa ya alkoli ya duka la dawa na mashine ya kaseti iliyofunguliwa kifuniko.

"Safisha kichwa ya mashine," alisema. "Na usitumie lotoko. Wa mbele yako alitumia lotoko, mashine ikalewa, naye akalewa."

Nilisafisha. Pamba ilitoka na rangi ya kahawia, kama iliyopanguswa kwenye dirisha la lori. Ndipo akanifanyia jaribio ambalo baadaye nami niliwafanyia wote waliokuja nyuma yangu. Kwanza aliniwekea kutoka kwenye simu wimbo wa hip-hop wa hapa mjini, wa miaka ile ya vita, ambao nimeuimba tangu shule ya msingi. Kisha akaweka kaseti yenyewe ya mwanzo, ile iliyorekodiwa katika chumba hichohicho. Nilisimama wima. Kumbe wimbo huo una gitaa la besi! Nilikuwa nimeupenda nusu ya maisha yangu bila kujua kwamba kuna mtu anapiga besi ndani yake tangu mwanzo mpaka mwisho.

"Umeshtuka," Muzee alisema, na kuridhika kwake kulikuwa wazi. "Ni vizuri. Siku hautashtuka tena, utoke mu hii kazi."

Mnajua namna nyimbo zetu zilivyoenea. Kaseti ilinakiliwa kwenye kaseti, kisha kwenye kompyuta ya kibanda fulani, kisha ikapita simu kwa simu, na kila kituo kikaubana wimbo zaidi ili uingie katika nafasi ndogo. Kilichobaki ni kama nguo ya mtumba iliyofuliwa na kila aliyeivaa. Kazi yetu ilikuwa kurudi kwenye chanzo, kukisikiliza upya, na kukitunza katika faili isiyopoteza kitu: kila kilichoingia kwenye kipaza sauti siku ile kibaki humo, hata kikohozi, hata mlango. Nilikuwa na imani na neno hilo, "isiyopoteza kitu". Katika mji uliopoteza vitu vingi namna hii, nililiona kuwa wito.

Kuhusu zana, shikeni haya. Kila kaseti ina pembe yake, kwa sababu kila mashine iliyorekodi ilikuwa imekaa upande kidogo kwa namna yake. Kuna skrubu ndogo kando ya kichwa cha mashine. Izungusheni polepole huku mkisikiliza herufi "s" ya mwimbaji. Ikianza kukata kama wembe mpya, simameni hapo. Msiiamini kamwe kaseti iliyohifadhiwa juu ya kabati la jikoni. Na msisikilize kwa macho. Mimi nilikuwa na ugonjwa huo: nilipenda kutazama kwenye skrini michoro ya sauti, milima yake na mabonde yake, na Muzee alipita nyuma yangu akinitania.

"Espe, weye unasikilizaka na macho. Funga ile televizyo!"

Jambo la pili nililojifunza ni kwamba kuisafisha sauti ni nusu ya kazi. Nusu nyingine ni kumtafuta mwenyewe. Watayarishaji wa miaka ile walichota vipande vya sauti popote walipovikuta, wakavirudiarudia chini ya maneno ya mwimbaji. Hapakuwa na aliyewauliza, kwa kuwa hapakuwa na soko la kuulizia. Leo, kampuni za ng'ambo zinazosambaza muziki kwenye mitandao huuliza: kila sauti iliyomo ni yenu, na kama si yenu, mwenyewe amekubali? Wenzetu wengi hujibu ndiyo na ndiyo, kisha hulala usingizi mzuri. Mimi nilikuwa mtu wa kukereka. Nilimfuata kiongozi wa matarumbeta ya kanisa moja kwa sababu ya tarumbeta iliyolia mahali pafupi mno katika wimbo wa majigambo. Mzee yule alisikiliza, akatafakari, akakubali kwa sharti moja, kwamba mwimbaji aje siku ya Bwana aimbe pamoja nao. Alikuja, akiwa amevaa miwani ya jua, na akaimba sauti ya tatu vibaya sana. Lakini ruhusa ilikuwa ruhusa.

Nawaeleza haya ili muelewe kwamba kesi ya Bazo ilipofika, nilijiona nimeiva.

Bazo ni mtu wa Komanda. Zamani alikuwa sauti ya vijana wa mji huu. Leo anauza vipuri vya pikipiki katika njia panda ileile aliyoiimba, na tumbo lake limemtangulia. Albamu yake, Vumbi ya Komanda, ilitengenezwa na Muzee Fabien mwenyewe, na kati ya nyimbo zake uko ule ambao sihitaji kuueleza kwa mtu yeyote aliyewahi kuhudhuria harusi hapa Ituri: "Kung'uta". Sauti ya mwanamke inaimba mbali, bila maneno yanayosikika vizuri, na chini yake kuna kitu kinachopiga shaa, shaa, shaa. Bazo anaingia na maneno yake, ngoma inaanguka, na ukumbi mzima unanyoosha mikono mbele kana kwamba kila mtu ameshika ungo, unapepeta. Bibi harusi hupepeta. Wachungaji hupepeta, wakidhani hatuwaoni.

Bazo aliomba albamu yote isafishwe, nayo kampuni ya kusambaza ilikuwa tayari. Nilimwuliza Muzee sauti ya yule mama aliitoa wapi. Alikumbuka mara moja, kwa sababu aliionea fahari. Siku zile kaseti mpya hazikupatikana, kwa hiyo alinunua sokoni mfuko wa kaseti zilizokwisha kutumika ili arekodi juu yake. Moja aliijaribu katika redio yenye betri zilizochoka, akasikia mwanamke akiimba na kitu kama kayamba, akaizuia isifutwe. Kisha, kwa mashine yenye milango miwili ya kaseti na kitufe cha kusimamisha, alinakili kipande kilekile, akasimamisha, akarudisha nyuma, akanakili tena, mpaka kikawa wimbo mzima. Kidole chake cha gumba kiliota sugu. Juu yake akaweka ngoma.

"Ile kaseti ingaliko?" nilimwuliza.

"Mimi natupaka kitu?" alijibu, akavuta sanduku chini ya meza.

Ilikuwapo. Mafundi wanaojua kazi hawasafishi nakala ikiwa chanzo kipo. Nilibadilisha ganda lake lililopasuka, nikasafisha kichwa, nikazungusha skrubu mpaka "s" ikakata. Nikafunga skrini, kwa utiifu, nikavaa visikizio, nikasikiliza bila ngoma, bila Bazo, tangu mwanzo wa upande ule.

Kulikuwa na upepo. Kulikuwa na miguu ya watu wengi kwenye nyasi, na mbuzi mbali. Mwanamume mmoja akaomba kwa sauti ya katekista, polepole, akimkabidhi Mungu kijana Baraka, mzaliwa wa kwanza wa Papa Simoni na mke wake, wa hapa Nizi, ambaye shimo la dhahabu limemwangukia. Kisha yule mwanamke akaanza kuimba. Kisha nikaisikia ile sauti, safi kwa mara ya kwanza tangu siku iliyorekodiwa. Ilianza na shaa, ile tunayoijua sote. Mara baada yake ikafuata du, kavu, yenye uwazi ndani yake, ambayo ngoma ya Muzee ilikuwa imeifunika miaka yote.

Ulikuwa udongo. Ulikuwa udongo ukiangukia mbao za jeneza, konzi baada ya konzi.

Nilivua visikizio nikaviweka chini kama mtu anayeshusha mtoto aliyelala. Sikulia. Mikono yangu ilikuwa mbele yangu, imenyooka, viganja juu, na ndipo nilipotambua kwamba ilikuwa imezoea kuinuka yenyewe kila iliposikia mdundo ule. Niliikalia.

Muzee alisikiliza baada yangu. Alivua miwani, akaifuta, akaivaa, akaivua tena. Kisha akatoka nje akasimama karibu na jenereta iliyokuwa ikinguruma, mahali ambapo yeye mwenyewe alitukataza kusimama.

Bazo alifika siku iliyofuata kwa pikipiki, mwekundu tangu nyusi mpaka viatu.

"Petite, mudogo yangu," aliniambia kabla ya kuketi, "nimetoka Komanda na vumbi ya kutosha kujenga nyumba, na unaniambia wimbo yangu iko na maneno, na matata?"

"Iko na maneno, grand," nilimjibu, kama tunavyowaita wakubwa wetu.

"Basi toeni ile maneno, muache wimbo. Album bila Kung'uta ni mboga ya sombe bila mafuta. Nani atakula?" Akamgeukia Muzee. "Na weye, Muzee, tangu lini unaogopa? Ile kampuni iko Ulaya. Watajua namna gani kama ni mama gani anaimba?"

Nilimpa Bazo visikizio. Aliviweka kwa madaha, akaanza kutikisa kichwa hata kabla sauti haijaanza. Nilimtazama wakati maombi yanapita. Kichwa kiliendelea kutikisika kidogo, kwa mazoea, kisha kikapungua, kisha kikasimama. Udongo ulipoanza kuanguka, alinitazama akitaka nimwambie kwamba sivyo.

"Ni kaburi?" aliuliza kwa sauti kubwa mno, kama wanavyosema watu waliovaa visikizio. "Espe, ni kaburi?"

"Ni kaburi."

"Nilicheza hii ku ndoa yangu," alisema. Alirudia maneno hayo mara kadhaa, kwangu, kwa Muzee, kwa ukuta. Baada ya kitambo, yule mfanyabiashara aliyekuwa ndani yake alijaribu kusimama tena. Alisema watu wa Nizi wamekimbia, wametawanyika, huenda hakuna aliyebaki wa kuulizwa; na kama hakuna wa kuulizwa, hakuna wa kukataa.

Muzee ndiye aliyemjibu, akiwa mlangoni. "Mimi niko na umri ya kuzikwa, Bazo. Sitaki siku yangu batu bapepete. Tutatafuta wenyewe."

Kutafuta hakukuchukua muda, na hilo nalo lilinishtua. Nilikuwa nimejiandaa kwa safari za vijiji na makambi. Muzee aliuliza katika kanisa wanakosali waliokimbia kutoka upande wa Nizi, akitaja Papa Simoni aliyezika mtoto wake wa kwanza. Wakamwambia Papa Simoni amekwisha kufa, ila mke wake yupo, na kila mtu anamjua: ni Mama Baraka, yule wa maharagwe. Nilimjua mimi pia. Nilikuwa mteja wake. Nilimwita Mama Baraka kila wiki, nikichagua maharagwe ya njano, bila kujiuliza hata mara moja Baraka ni nani na yuko wapi.

Tulimweleza palepale sokoni, taratibu, kwamba tuna sauti ya mazishi ya mtoto wake, iliyofika mikononi mwetu bila sisi kujua. Alifunika magunia yake, akamwomba jirani ayaangalie, akajifunga kitambaa upya, akatufuata.

Studioni aliketi katika kiti changu. Bazo alisimama pembeni, kofia mkononi. Muzee alianza hotuba aliyoitayarisha, kwamba mama ana haki ya kukataa, kwamba ana haki ya kukasirika, lakini mama alimkatiza.

"Ngoja, papa. Mbele ya kusema bile byote. Munasema iko mu kaseti? Udongo pia iko?"

"Iko, mama."

Alishika kingo za kiti. "Mimi sikuendaka ku kaburi," alisema. "Kwetu, mu jamaa yetu, mama wa mutoto wa kwanza hatokake mu nyumba siku banazika ule mutoto. Banasema macho yake ikiona udongo inaanguka, tumbo itafungwa. Nilikuwa na bamama ndani, mugongo ku mulango. Shemeji yangu akaniambia: usilie, tunakamata yote na kaseti, siku ya kumaliza matanga utasikia, na weye utakuwa umemuzika." Alipangusa pua kwa ncha ya kitambaa. "Ile siku ya kumaliza matanga haikufika. Tulikimbia mbele siku ile ifike. Nyuma yetu bezi bakabeba kila kitu, redio, sufuria, kaseti. Nilimuuliza shemeji miaka mingi, mpaka akakufa. Kila mara: ilipotea, mama Baraka, ilipotea."

Nilimtazama Muzee. Sote watatu tulielewa kwa pamoja. Kaseti ile ilikuwa imerekodiwa kwa ajili ya mtu mmoja tu duniani. Kila mkazi wa mji huu alikuwa ameisikia, isipokuwa yeye. Au ndivyo nilivyodhani.

Nilimvisha visikizio mimi mwenyewe, nikiinua kitambaa chake cha kichwani kwa uangalifu. Nilikuwa nimeweka sauti chini. Alionyesha kwa kidole niipandishe. Wakati wa maombi midomo yake ilimfuata katekista. Yule mwanamke wa kwenye kaseti alipoanza kuimba, Mama Baraka aliita jina, Dorika, kisha akatueleza kwamba ndiye shangazi ya mtoto, dada ya mume wake, ambaye naye amekwisha kufa. Udongo ulipoanza, aliinua mkono mmoja juu, kama mwanafunzi anayeomba ruhusa, akauacha huko.

"Ule anakohoa," alisema, "ni baba yake. Baba ndio anatupa konzi ya kwanza." Shaa, du. Mimi sikusikia tena chochote kutoka kwenye visikizio vyake, lakini niliifahamu kila konzi kwa mkono ule uliokuwa juu, kwa jinsi vidole vyake vilivyokunjika na kukunjuka. Sauti ilipokwisha aliomba tena. Nilirudisha. Alipomaliza mara ya pili, alishusha mkono mapajani.

"Basi," alisema. "Nimemuzika."

Nilitamani ingeishia hapo. Lakini tulikuwa tumemwita kwa jambo jingine, na kumficha kungekuwa wizi wa pili. Muzee alimwambia kwamba sauti ile iliwekwa ndani ya wimbo, na kwamba mwenye wimbo ndiye yule kijana pale, aliyetaka kuutoa upya. Alisema kijana, ingawa Bazo ana mvi. Mama Baraka akasema anataka kuusikia huo wimbo. Niliweka spika badala ya visikizio. Sijui kwa nini. Labda niliona aibu kumwekea jambo lile karibu mno na masikio.

Baada ya mapigo ya kwanza alikunja uso.

"Hii? Lakini hii naijua!" Akatutazama mmoja mmoja, kama anayetafuta mwenye kumtania. "Hii nimeicheza! Ku ndoa ya Furaha, mutoto yangu ya pili. Nilicheza mpaka kitambaa ikaanguka. Banawake bakanipigia vigelegele, bakasema, ona Mama Baraka, anapepeta kupita siye bote..."

Mikono yake ilikuwa imeinuka kidogo kutoka mapajani, viganja juu. Aliiona. Akaigeuza polepole, akaikandamiza kwenye magoti.

Nimesoma vitabu vingi juu ya haki za wasanii. Nimeandika kurasa chuoni, na kusifiwa, juu ya mwenye sauti na mwenye kurekodi, na ruhusa ya huyu na ya yule. Hakuna ukurasa hata mmoja ulionifundisha mahali pa kuweka macho yangu dakika ile. Niliyaweka kwenye skrini iliyofungwa.

Bazo alipiga magoti sakafuni, vumbi na yote. "Mama, sikujua. Kwa jina ya mama yangu, sikujua."

"Simama, mutoto yangu. Najua haukujua. Na miye sikujua, na nilicheza." Alivuta pumzi. "Lakini sasa tunajua. Ile mupya, hapana. Musiiweke. Sauti ya Dorika, kama ingekuwa ku ndoa aliimba, ningesema mukamate, alipendaka batu bamusikie. Lakini aliimba kwa Baraka. Mazishi haina kutoka mara ya pili."

"Na ile ya zamani, mama?" Bazo aliuliza. "Iko mu telefone ya kila mutu. Naweza kusema mu radio, niombe batu baifute..."

"Nani atazunguka Ituri yote kuiokota?" alisema, na nusura atabasamu. "Haiwezekani. Acha iende."

Kisha akatoa ndani ya kitambaa simu yake ndogo ya vitufe, iliyofungwa kwa mpira, akanipa. "Weye, Espe, unitilie yote humu. Tangu maombi. Usikate hata kidogo, hata ule mbuzi."

Katika kazi yangu yote wasanii, mameneja na mawakala waliniomba faili isiyopoteza kitu wakilitamka jina lake kwa fahari, bila kulijali. Yeye hakulijua jina. Faili ilikuwa nzito mno kwa simu yake. Nilitafuta kadi ya kumbukumbu, nikaiweka, nikaisikiliza tena tangu mwanzo mpaka mwisho nihakikishe, na mbuzi yumo. Kaseti yenyewe Muzee aliifunga katika kitambaa safi akampa kwa mikono miwili. Msiitafute katika sanduku, haimo.

Vumbi ya Komanda ilitoka bila "Kung'uta". Siku ya kuizindua, Bazo alisimama jukwaani akaeleza sababu bila kutaja jina la mtu. Wengine wakapiga kelele kwamba wamekula sombe bila mafuta, na mmoja, kijana mwenye spika yake mwenyewe, akauwasha wimbo wa zamani papo hapo nje ya ukumbi. Bazo alimwendea. Nilidhani atampiga. Alisimama tu karibu na spika, kofia mkononi, mpaka ukaisha.

Muda mfupi baadaye sikio langu la kulia lilianza kulia filimbi, kisha likazimika kana kwamba mtu ameibonyeza swichi. Haikuwa adhabu, wala haikuwa ishara. Daktari alieleza vizuri habari ya jenereta na miaka ya visikizio. Ninyi mlio na masikio mawili, ihamisheni ile jenereta. Nimemwambia Muzee, naye amesema ndiyo, na mnaijua ndiyo ya Muzee.

Jambo la mwisho ni la juzi. Nilikwenda sokoni kununua maharagwe. Siku hizi husimama upande, nikimpa mtu sikio la kushoto. Mama Baraka alikuwa akimpepetea mteja mmoja maharagwe katika ungo, maganda yakiruka, na mteja alikuwa na haraka. Ndipo kibanda cha jirani, kile kinachouza kadi za simu, kikaweka "Kung'uta". Ule wa zamani, uliochakaa, shaa bila du. Wasichana wawili waliokuwa wakipita walinyoosha mikono wakicheka.

Nilishtuka kana kwamba ndiyo mara ya kwanza. Nilitaka kwenda kumwambia yule wa kadi azime. Lakini nilimtazama Mama Baraka kwanza. Alikuwa amesimamisha ungo hewani, mbele ya kifua chake, umetulia kabisa. Hakuna hata haragwe moja lililosogea.

"Mama, unipimie basi," yule mteja alisema. "Unangojea nini?"

"Ngoja kidogo," Mama Baraka alimjibu, bila kumtazama. "Banakaribia kumaliza."

Alisubiri mpaka konzi ya mwisho ya udongo ikaanguka, kisha akaendelea kupepeta.